Aliyepakia Nguruwe wa Mama

Nitasema mapema ili tusipotezeane muda: yule mzee nilimwonea wivu. Si ule wivu wa utani, wa kumwambia mtu "nakuonea wivu na viatu vyako." Wivu wenyewe, wa kumwona mtu anapita njiani na chai inakuwa chungu kinywani. Nilimwonea wivu miaka tisa. Yeye mzee wa magoti mabovu, hana gari, hana leseni, simu yake ya vibonye imefungwa na raba isifumuke. Mimi nina kirikuu yangu mwenyewe, kigari cha mizigo niliyoipata kwa jasho la kuuza vitenge na kubeba ndizi za watu. Kazi yake ilikuwa moja tu, kupakia nguruwe. Maramba kwetu wote walimwita Mpakiaji, na ukisema Mpakiaji hakuna aliyekuuliza wa nini.

Mama yangu anafuga nguruwe. Alianza baba alipokuwa bado kibarua wa mkonge, akaendelea baba alipofariki, na mpaka leo akiamka anakwenda bandani kwanza ndipo anasalimia watu. Kwa hiyo nilipopata gari nilidhani mambo yamekwisha: mama ana nguruwe, mtoto ana kirikuu, wanunuzi wako Tanga mjini. Nikashonesha turubai jipya. Siku ya safari ya kwanza nikasimamisha gari mlangoni, nikapiga honi mpaka majirani wakatoka. Mama naye akatoka, kanga begani, akalizunguka gari mara moja.

"Zuri," akasema. "Nenda kamchukue Mpakiaji."

"Wa nini, mama? Nguruwe si wanapanda tu?"

"Rehema, nenda kamchukue."

Basi nikaenda kumchukua. Na safari iliyofuata nikaenda kumchukua, na iliyofuata.

Jambo la kwanza alilofanya akilifikia gari lolote ni kuvua ndala. Alimwaga maji kwenye bodi, akapanda peku, akafumba macho, akaanza kutembea huko juu kwa hatua za polepole, kutoka kona hii mpaka ile. Mara ya kwanza nilicheka. Nilidhani anafanya mambo ya kienyeji, labda anawafukuza mashetani wa wale walionitangulia kulimiliki lile gari. Akanisikia.

"Cheka, binti," akasema bila kufumbua macho. "Mguu wangu ukiteleza, wake utateleza mara mbili. Mimi nina unyayo. Yeye ana kucha tupu."

Halafu akashuka, akasema bodi langu ni sabuni, akakataa kupakia hata mmoja mpaka alipotandika vitu vyake. Vitu vyenyewe vilikuwa mchanga kidogo, mwembamba, na juu yake majamvi ya katani aliyoyasuka kwa mkono wake. Aliyasuka mazito, yenye mafundo, akayalowesha maji kidogo ili yashike chini. Nguruwe akikanyaga pale, kwato zake zinapata pa kushika. Gari likipinda, hasogei. Mimi nilikuwa nimezoea kuona nguruwe wanafungwa miguu kwa kamba na kutupwa nyuma ya pikipiki kichwa chini, wanapiga kelele njia nzima, kwa hiyo mambo ya kumtandikia nguruwe jamvi niliyaona ni kujidai. Lakini nilipofika mjini na nguruwe sita, wote wakateremka wenyewe kwa miguu yao minne, wakaanza kunusanusa ukuta wa mnunuzi. Wa mwenzangu mmoja aliyefika nyuma yangu walikuwa wanne, wawili wakichechemea, na mmoja ukwato umepasuka hadi kwenye nyama. Mnunuzi akamrudisha yule. Nami niliona.

Mdomo wake sasa! Sijapata kuona mtu mpole kwa nguruwe na mkali kwa binadamu kama yule. Nguruwe alimwomba radhi. Ndiyo, alimwomba radhi: "Samahani mama, nipishe kidogo, ngazi hii hapa." Hakuwa na fimbo, alikuwa na kipande cha ubao mpana anakishika mbele yake kama mlango, mnyama anadhani njia imeziba anageuka mwenyewe kuelekea garini. Lakini mimi dereva! "Breki hiyo umeikanyaga kama unaua nyoka!" Hayo aliyasema mbele ya abiria wa watu, kituoni. Siku moja kwenye zile kona za kushuka kabla ya kuikuta lami, akaniamuru nisimamishe gari, nimpe usukani mdogo wangu aliyekuwa amepanda nasi, na mimi nipande nyuma nisimame peku katikati ya nguruwe, nisishike chochote. Nikakataa. Akashuka, akakaa juu ya jiwe pembeni mwa barabara, akatoa muhogo mfukoni akaanza kula. Tukakaa pale mpaka nikapanda. Kona mbili tu, nilikuwa nimepiga magoti nimemkumbatia nguruwe shingoni. "Sasa umejua," akasema. Tangu siku ile naendesha polepole, na tangu siku ile sikumsamehe.

Kabla ya safari, wiki nzima kabla, alikuwa anakuja kwa mama kukagua kwato. Namna yake ilikuwa ni kuingia bandani na kumkuna nguruwe tumbo mpaka alegee, ajilaze ubavu, afumbe macho. Hapo ndipo anamshika mguu, anasafisha uchafu kwa kijiti butu, anapitisha kidole. Ukwato ukiwa mrefu anaukata kidogo na kuupiga tupa. Hakukata siku ya safari hata ungemlilia. Alisema ukwato uliokatwa jana bado unauma, ungoje. Na mama alikuwa anachuchumaa pembeni yake, wameinamisha vichwa pamoja juu ya mguu mmoja wa nguruwe kama watu wanaosoma barua. Mimi nimesimama nje ya ukuta. Hakuna aliyewahi kusema "Rehema, njoo nawe uone."

Kilichoniuma ni hicho, sasa nakitamka. Tukirudi kutoka mjini, mama hakuniuliza mimi safari ilikuwaje. Alimuuliza yeye, mimi nikiwa nimesimama pale pale na ufunguo mkononi. "Wamefikaje?" "Wamefika wazima, Mama Rehema." "Kwato?" "Salama." Ndipo anapewa chai, kikombe chake cha bati chenye kifuniko, ambacho sisi watoto hatukuruhusiwa hata kukitekea maji. Wambeya walisema mengine juu ya mama na yule mzee. Sikuyaamini, mzee ana mkewe na mama ana Mungu wake. Na kusema kweli, kama yangekuwa mapenzi ningeelewa. Ilikuwa kazi. Mama alimwamini kwa kazi, na mimi, mtoto wake wa kumzaa, nilikuwa dereva. Nilitaka siku moja tu aniambie: nenda na nguruwe wangu wewe mwenyewe. Nilikuwa nalala na neno hilo, naamka nalo.

Mzee mwenyewe alikuwa na visa. Huyu aliyewatunza nguruwe kucha, miguu yake ilikuwa na magaga ya kutisha, nyufa ambazo ungeweza kuficha njiti ya kiberiti. Mama akamwonea huruma, akamnunulia mafuta ya mgando. Kesho yake nikamkuta bandani anampaka nguruwe jike mmoja aliyekuwa na ufa kwenye ukwato. Kopo zima! Mama alipoona alicheka mpaka akaketi chini. Ningekuwa mimi nimempaka nguruwe mafuta niliyozawadiwa na mama, ningesemwa mpaka Pasaka.

Halafu, nyama ya nguruwe alikuwa haili. Si kwa dini, alikuwa Mlutheri kama sisi. Krismasi mama alipika mdudu, kama tunavyoiita nyama hiyo, mtaa mzima ukanukia, yeye akaomba maharage. Nikamwambia, "Mzee, unawasindikiza wenzako wakaliwe, wewe unajifanya mtakatifu?" Akatafuna maharage yake, akasema, "Mimi naishia mlangoni. Mpaka mlangoni awe mzima. Ya ndani siyajui." Mama akanikata jicho, eti nimemkosea mzee adabu.

Na mjini Ngamiani alikuwa na rafiki, mwenye duka la magunia na kamba, Mwislamu safi, mtu wa swala tano. Kwake ndiko alikopata magunia chakavu ya katani ya kufumua na kusukia majamvi. Kwa miaka mwenye duka hakujua kazi yake hasa. Siku moja tumekaa pale tunafungiwa magunia, simu ya mzee ikalia, ni mama anauliza. Mzee akajibu, "Wageni wako sita wamefika salama, hakuna aliyeumia mguu, njia nzima wamelala juu ya katani."

Mwenye duka akaacha kufunga. "Ebo! Wageni gani hao unawalaza juu ya mkonge? Huna haya, bwana?"

Mzee akavua kofia. "Ni nguruwe, ndugu yangu. Sikutaka kuwataja dukani kwako."

Nikasema leo tumekwisha. Mwenye duka akaguna, akamtazama, akanitazama mimi, akakaza fundo. "Magunia nitakuuzia," akasema. "Ila yakishaingia huko, yasirudi hapa."

"Hayarudi."

Urafiki ukaendelea, na Idd mzee alikuwa anatumiwa biriani, sahani imefunikwa kwa kawa. Mimi naingia Ngamiani kila wiki, nawajua wenye maduka nusu ya mtaa, na sijapata kutumiwa hata kaimati. Hebu niambie kama wewe usingeona kijicho.

Sasa nifike kwenye lile jambo. Mama alikuwa na nguruwe jike mkubwa, mbegu nzuri, aliyeitwa Mwenyekiti kwa sababu kwenye hori la chakula hakuna aliyekula kabla yake. Kikundi cha akina mama wa kanisa huko Pongwe kilitaka kuanza mradi wa nguruwe, na mama akawaahidi Mwenyekiti, tena akiwa na mimba. Ilikuwa mwaka wa sita tangu ninunue gari. Siku ya safari ikafika, Mpakiaji akawa hoi na malaria. Mama akasema tuahirishe. Nikasema, "Mama, miaka sita namtazama. Nina kila kitu. Niache."

Akaweka mkono kwenye mgongo wa Mwenyekiti. "Una mchanga?"

"Ninao."

"Haya. Nenda."

Alilisema! Neno lenyewe nililolingoja, na lilitoka kirahisi hivyo. Nilipakia ile asubuhi nikiimba. Lakini majamvi sikuwa nayo. Yalikuwa kwa mzee, yameanikwa juu ya ua, na kwenda kuyaomba nilikataa kabisa. Nilitaka safari hii isiwe na kitu chake hata kimoja. Na mchanga niliokuwa nao haukuwa ule wake wa mtoni, wenye rangi ya udongo. Juma lililopita nilikuwa nimepeleka magodoro Moa, nikajaza viroba vinne vya mchanga wa ufukweni, mweupe, unang'aa, msafi wa kupendeza. Nikasema huu ni bora kuliko wake. Nikaumwaga mnene kwenye bodi, Mwenyekiti akapanda, nikamfunga ubao, nikaondoka kwa mwendo wa arusi.

Mtu wa pwani gani asiyejua kwamba mchanga wa bahari una magamba? Tumekulia humo, tunaokota kome na chaza! Lakini wivu ulinifumba macho. Njiani kalavati lilikuwa limebomoka, lori limekwama juu yake, tukazuiliwa pale tangu asubuhi mpaka jua limepinda. Joto likawa kali. Kwa huruma yangu nikawa namwagia Mwenyekiti maji, ndoo baada ya ndoo. Maji yakalainisha kwato, yeye akawa anahamahama kwa uzito wake na mimba yake, na magamba yaliyovunjika yakawa yanamkata chini kimyakimya. Sikuona kitu. Miguu ilikuwa imefukiwa mchangani.

Tulipofika Pongwe akina mama walikuwa wamejipanga, wanaimba. Nikashusha ubao. Mwenyekiti akakataa kuteremka. Alipoteremka, wimbo ukakatika. "Dada," mmoja akaniuliza, "mbona anatembea kama anakanyaga moto?" Kila alipokanyaga paliachwa damu, na kimoja cha vile vikwato vidogo vya nyuma kilikuwa kinaning'inia.

Nilijificha nyuma ya gari nikalia. Halafu nikafanya kitu ambacho sikuwahi kudhani nitakifanya: nikampigia Mpakiaji. Alikuja kwa bodaboda kutoka Maramba, amejifunga blanketi juani, anatetemeka kwa homa. Hakunisalimu. Alimkuna Mwenyekiti tumbo mpaka akajilaza, akaomba maji ya uvuguvugu yenye chumvi na kibano cha nyusi, akakaa chini saa nzima anachomoa vipande vya magamba kimoja kimoja. Akaviweka kiganjani. Akaniangalia. Akavitia mfuko wa shati. Kisha akawaagiza akina mama wamlaze pakavu, juu ya nyasi nyingi, asikanyage tope wiki mbili, na akawaahidi atarudi kumtazama.

Simu yake ikalia. Mama. Nikasogea nisikie.

"Ni barabara, Mama Rehema," akasema. "Kalavati limebomoka, wamesimama juani kutwa. Ameumia kwato kidogo. Atapona."

Akakata. Hakunitazama, hakusema "nimekusitiri." Akapanda bodaboda akaondoka. Ndugu yangu, hapo ndipo nilipomchukia kweli. Hata aibu yangu aliibeba yeye! Angenisema ningemtukana tukaisha. Sasa nikawa na deni la kinywa chake. Mwenyekiti akapona, akazaa watoto kumi na mmoja Pongwe, na baada ya miezi miwili mama akaniita, akasema kuna nguruwe watano, nenda nao mwenyewe. Nilikwenda. Safari hii nilikwenda kwanza kuomba majamvi, na mzee alinipa. Wakafika wazima. Na wengine tena, na wengine tena. Kila nikirudi mama aliniuliza mimi: "Kwato?" Nami nikijibu "salama" nilijua anayeaminiwa si mimi. Mama aliniamini kwa uongo wa yule mzee. Akifumbua mdomo tu, nimekwisha. Miaka mitatu nilipakia nguruwe hivyo.

Magoti yalipomshinda, mzee na mkewe walihamia kwa binti yao, Ngamiani. Mwaka jana mama akanipa mkungu wa ndizi na kopo la samli nimpelekee. Nilimkuta uani, amekaa kwenye kiti cha plastiki, anachambua choroko kwenye ungo. Amekonda. Miguu ameivisha soksi.

"Shikamoo mzee."

"Marahaba, binti. Gari umeliacha wapi? Lisiwe limeelekea msikitini na harufu yake."

Nikacheka, nikaketi kwenye mkeka. Tukaongea habari za mama, za bei ya pumba, za kalavati lililotengenezwa na kubomoka tena. Mwisho nikaona nitapasuka.

"Mzee, ile siku ya Mwenyekiti. Kwa nini hukumwambia mama kweli?"

Akainua uso. "Nilimwambia."

"Ulisema ni barabara. Nilikusikia."

"Kwenye simu, mbele za watu. Ulitaka nikuvue nguo mbele za watu? Usiku ule nilipita kwake, nikamwonyesha yale magamba mezani. Nikamweleza yote, mchanga na majamvi."

Ungo ulikuwa magotini pake, nami nilikuwa natazama choroko, siwezi kutazama kitu kingine. "Akasemaje?"

"Akasema nisikwambie kama anajua. Akasema ukijua, utapakia kwa kumwogopa yeye." Akatupa jiwe dogo lililokuwamo kwenye choroko. "Mimi nikamshauri asikupe tena nguruwe. Nikamwambia asubiri mwaka, hujaiva. Akanikatalia. Miaka yote ile nimemfanyia kazi mama yako, hajapata kunikatalia neno. Siku ile akanikatalia." Akachambua kidogo. "Sikulala vizuri, nakwambia kweli. Nilimwonea choyo. Hapana, si yeye. Wewe."

Nikamuaga, nikamshika mkono, nikaondoka.

Nilipaswa kufurahi, na nilifurahi, nilicheka peke yangu garini kama mwehu mpaka natoka mjini. Nilikuwa nimeaminiwa kweli, tena na mtu aliyejua kosa langu lote, gamba kwa gamba. Lakini kabla sijafika Mabokweni ule wivu ukanirudia, ukakaa kiti cha pembeni ukajifunga mkanda. Miaka mitatu walikuwa na siri juu yangu, wao wawili. Wameinama juu yangu kama walivyokuwa wakiinama juu ya mguu wa nguruwe, nami nimewekwa nje ya ukuta.

Nilimkuta mama bandani anamwaga pumba.

"Umemkuta?"

"Nimemkuta. Magoti tu yanamsumbua. Anakusalimu, ameshukuru sana."

Akamwaga debe la pili. Akakung'uta. Alikuwa amenipa mgongo.

"Amesema nini?"

Nilimwangalia ule mgongo, kanga imelowa jasho katikati, mkono umeshika debe tupu na hauliweki chini.

"Hajasema kitu, mama," nikamjibu, nikavua ndala, nikaingia kumsaidia.